Bloody Mary ya Nyumbani, Kisumu hadi Nakuru: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Bloody Mary ni kokteli ya vodka na juisi ya nyanya, iliyokolezwa kwa ndimu, chumvi na pilipili. Si tamu wala haina soda. Ukiielewa kama mchuzi baridi unaonywewa kwenye glasi utaipika vizuri, na neno kupika hapa ni sahihi kabisa: kazi kubwa iko kwenye nyanya, na vodka huja mwisho. Majibu yafuatayo yanazingatia vitu vinavyopatikana Kibuye na Jubilee mjini Kisumu, Wakulima mjini Nakuru, na masoko ya magharibi kama Chwele.

Glasi moja inahitaji nini, kwa vipimo?

Kwa glasi ya mililita 300: vodka mililita 45, juisi ya nyanya mililita 120, maji ya ndimu mililita 15, sosi ya Worcestershire nusu kijiko cha chai, haradali iliyokorogwa robo kijiko cha chai, sosi ya pilipili matone matatu, chumvi ya kushika kwa vidole viwili, na pilipili manga iliyosagwa wakati huo huo. Barafu ijaze robo tatu ya glasi.

Kama huna kipimo cha baa, tumia kijiko cha mezani cha kupimia, ambacho ni mililita 15: vodka vijiko vitatu, juisi vinane, maji ya ndimu kimoja. Usitumie kijiko cha kulia wali, kwa sababu ukubwa wake hutofautiana kutoka seti moja hadi nyingine, na kosa la mililita 5 likirudiwa mara tatu kwenye vodka linabadilisha kinywaji kizima. Chupa ndogo ya mililita 250, ile kota, inatoa glasi tano. Mzinga wa mililita 750 unatoa kumi na sita.

Kwa nini juisi yangu hujitenga, maji upande mmoja na nyama ya nyanya upande mwingine?

Kwa sababu umesaga nyanya mbichi na kuziacha zikae. Nyanya ina pektini, kitu kinachoipa juisi uzito, na pia ina vimeng'enya vinavyovunja pektini hiyo. Nyanya ikiwa nzima, viwili hivi havikutani sana. Ukiikata au kuisaga baridi, vinakutana mara moja, pektini inavunjika, na baada ya dakika chache unaona maji ya rangi hafifu yamejitenga.

Dawa yake ni moto, na uwe wa haraka. Weka sufuria jikoni kwanza, ipate moto. Kata nyanya vipande vinne na utie chache kwa wakati, ukiziponda kwa mwiko zinapoanguka. Ongeza nyingine pale tu zile za kwanza zinapochemka. Kwa njia hii kila kipande kinavuka nyuzi 85 za Selsiasi kabla vimeng'enya havijafanya kazi. Nakuru maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi na Kisumu kwenye 96 kwa sababu ya mwinuko, lakini kote kunatosha. Ukijaza sufuria nyanya zote baridi halafu uwashe moto, utakuwa umevipa vimeng'enya robo saa ya joto la uvuguvugu, na hapo ndipo vinapofanya kazi vizuri zaidi.

Acha zichemke dakika kumi, kisha zipitishe kwenye chujio la waya ukizikandamiza kwa mgongo wa kijiko hadi zibaki mbegu na maganda makavu. Kilo moja ya nyanya zilizoiva hutoa mililita 600 hadi 700. Ukipenda blenda, chuja kwanza ndipo usage. Ukisaga na mbegu, zinavunjika na kuacha uchungu, na hewa inayoingia hugeuza juisi kuwa povu la waridi.

Tumia sufuria ya chuma kisichoshika kutu au ya enameli. Asidi ya nyanya hula alumini, na juisi iliyolala kwenye sufuria ya kawaida ya alumini huamka na ladha ya sarafu mdomoni.

Nyanya gani zinafaa?

Zile ndefu zenye nyama nene, kama Rio Grande au Cal J. Za duara zenye maji mengi zinafaa kachumbari zaidi. Ukizitumia, chemsha dakika 20 badala ya kumi ili maji yapungue. Muhimu kuliko aina ni kuiva. Nyanya nyingi huchumwa zikiwa na rangi ya machungwa ili zistahimili safari ya kreti, kwa hiyo zinunue siku tatu mapema na uziache mezani, nje ya friji, hadi ziwe nyekundu hadi kwenye kikonyo. Zile laini ambazo mama mboga anaziuza kwa bei ya chini jioni ndizo hasa unazotafuta, mradi hazina ukungu wala majimaji yenye harufu ya uchachu.

Naweza kutumia nyanya ya pakiti au tomato sosi?

Nyanya nzito ya pakiti au kopo, ndiyo. Pakiti ya gramu 70 ikorogwe na maji ya kunywa mililita 280, nawe utapata juisi ya glasi tatu hivi. Koroga kwanza na maji kidogo iwe laini, kisha ongeza yaliyobaki. Ukimwaga yote pamoja inabaki na madonge. Ladha yake ni ya nyanya iliyopikwa sana, kwa hiyo iongeze ndimu kidogo.

Tomato sosi ya chipsi, hapana. Ina sukari na siki, na hakuna kiasi cha chumvi au pilipili kitakachoficha utamu huo.

Vodka ipi ninunue, na nitajuaje kuwa si bandia?

Hapa usitumie pesa nyingi. Nyanya, pilipili na ndimu hufunika tofauti ndogo kati ya vodka ya bei ya kati na ya bei ghali. Chagua yenye asilimia 37.5 hadi 40 ya alkoholi na isiyo na ladha ya matunda. Vodka yenye ladha ya vanila au beri inaharibu kila kitu.

Kwenye uhalisi, kaza macho. Angalia muhuri wa ushuru wa KRA kwenye mfuniko na uupige skani kwa programu ya Soma Label ya KRA, tazama alama ya ubora ya KEBS, na hakikisha kizibo hakijafunguliwa. Pombe iliyochanganywa na methanoli haitambuliki kwa kuonja wala kunusa, na lile jaribio la kuiwasha moto kijikoni halithibitishi chochote. Mtu akianza kuona ukungu, kuumwa kichwa vibaya au kutapika baada ya kunywa pombe ya mashaka, hata kama ni siku ya pili, apelekwe hospitali mara moja, asiachwe alale.

Sosi ya Worcestershire sijaipata. Nitumie nini?

Supamaketi kubwa za mjini huwa nayo kwenye rafu ya sosi. Ukiikosa, ujue inafanya kazi gani: inaleta chumvi, uchachu wa ukwaju, utamu mzito kidogo na ladha ya samaki waliochachushwa. Changanya sosi ya soya kijiko kimoja cha chai, maji mazito ya ukwaju nusu kijiko, siki matone machache na sukari ya kushika kwa vidole. Hiyo inatosha glasi mbili. Kwa asiyekula samaki mchanganyiko huu ndio unaofaa hata kama sosi yenyewe ipo, kwa kuwa ile ya Worcestershire ya asili ina samaki wadogo ndani yake, na wageni wengi hawalijui hilo.

Ni kweli omena, wale dagaa wa ziwani, wanaweza kutumika?

Ni kweli, na kwa maoni yetu hiki ndicho kitu bora ambacho Kisumu inaweza kukiongeza kwenye kinywaji hiki. Kanada wana ndugu ya Bloody Mary aitwaye Caesar, aliyebuniwa na Walter Chell mjini Calgary mwaka 1969, ambaye juisi yake ya nyanya huchanganywa na maji ya kome wa baharini. Sababu ya kufaulu kwake ni hii: nyanya iliyoiva ina glutamati, kitu kinachotoa ladha ya mchuzi, na viumbe wa majini huleta vitu vingine vinavyoikuza ladha hiyo. Samaki waliokaushwa wana inosinati, na inosinati ikikutana na glutamati, ladha ya mchuzi mdomoni huwa kubwa kuliko ya kila kimoja peke yake. Mpishi yeyote aliyewahi kukaanga omena na nyanya nyingi anaijua ladha hiyo hata kama hajawahi kusikia majina hayo.

Chukua omena wakavu gramu 30, takriban konzi moja, wasio na mchanga. Wanyofoe vichwa, maana uchungu mwingi uko hapo na tumboni. Wale wakubwa watoe na matumbo. Waoshe haraka kwa maji ya moto na uwakaushe. Wakaange bila mafuta kwenye moto mdogo kwa dakika tatu au nne hadi harufu ya ziwa igeuke kuwa harufu ya kitu kilichochomwa. Wakianza kuwa weusi, umeshapita, anza upya. Waloweke kwenye mililita 200 za maji vuguvugu nusu saa, kisha weka jikoni dakika tano, moto ukiwa mdogo kiasi cha viputo vichache tu pembeni. Maji yakitokota kwa nguvu, supu huwa chungu na ya ukungu. Chuja kwa kitambaa safi na upooze.

Kijiko kimoja cha mezani kinatosha glasi moja. Punguza chumvi kwa nusu kwanza, kisha onja. Supu iliyobaki hukaa friji siku mbili. Na umwambie kila mgeni kabla hajanywa kwamba kuna samaki ndani, kwa sababu wapo wanaodhurika nao.

Mapishi ya ughaibuni yanataja hosiradishi. Ni nini, na nitaipata wapi?

Ni mzizi mweupe ambao ukikwaruzwa hutoa ukali unaopanda puani badala ya kukaa kwenye ulimi. Sokoni kwetu ni nadra. Unga wa haradali unatoa ukali wa jamaa hiyo hiyo, ila wengi huuharibu kwa kuutia moja kwa moja kwenye ndimu. Ukali huo haupo ndani ya unga mkavu. Huzaliwa unga unapokutana na maji baridi, na asidi au maji ya moto huuzuia. Koroga kijiko kimoja cha chai cha unga na kimoja cha maji baridi, subiri dakika kumi, ndipo uchanganye na vitu vingine. Ukikosa haradali, kamua tangawizi iliyokwaruzwa, nusu kijiko cha chai kwa glasi. Ukali wake ni wa kooni, tofauti, lakini unakaa vizuri na nyanya.

Nitie pilipili gani, na kiasi gani?

Pilipili kichaa, zile ndogo nyembamba, zina ukali safi bila harufu nyingi. Pilipili mbuzi ina harufu nzuri kama ya tunda, na ukali wa kutisha. Hoho ni ya kupamba tu.

Njia inayotawalika zaidi ni kuiloweka kwenye vodka. Kemikali ya ukali, kapsaisini, haiyeyuki vizuri kwenye maji lakini huyeyuka kwenye alkoholi, kwa hiyo vodka huivuta haraka na kuisambaza sawasawa, wakati vipande vilivyotupwa kwenye juisi humpa mtu mmoja moto wote. Pasua pilipili kichaa mbili kwa urefu, toa ule utando mweupe wa ndani, ambao ndio wenye ukali mwingi kuliko mbegu, na utie kwenye kota moja. Onja tone baada ya saa moja. Nyingi huwa tayari kati ya saa mbili na tatu. Hapo toa pilipili. Zikilala humo usiku kucha, vodka hiyo utalazimika kuipunguza kwa mara tatu ya vodka ya kawaida. Ukitumia vodka hii, acha ile sosi ya pilipili.

Baada ya kupasua pilipili, paka mikono mafuta ya kupikia kwanza, kisha osha kwa sabuni. Maji matupu huusambaza ukali, na jicho litakukumbusha.

Kwa nini kinywaji hiki hakitikiswi?

Kutikisa kwa nguvu hujaza juisi hewa, rangi inapauka, na barafu inayovunjika huitia maji. Chukua glasi mbili kubwa au jagi mbili. Weka kila kitu pamoja na barafu kwenye moja, mimina polepole kwenda ya pili, kisha rudisha. Mara sita au saba zinatosha. Chuja kwenye glasi yenye barafu mpya. Ile ya kwanza imeshayeyuka nusu, usiihamishe.

Kisumu kuna joto. Kinywaji kinakuwa maji kabla ya kumalizwa. Nifanyeje?

Usitegemee barafu kupooza vitu vyenye joto. Juisi ikae friji usiku mzima na glasi ziwekwe kwenye friza nusu saa. Vodka nayo ikae friza. Ya asilimia 40 haigandi kwenye friza ya nyumbani. Barafu itabaki na kazi moja tu ya kulinda ubaridi. Vipande vikubwa vilivyogandishwa kwenye bakuli dogo huyeyuka polepole kuliko vile vidogo vya trei. Ukitaka kwenda mbali zaidi, gandisha juisi yenyewe ya nyanya kwenye trei: ikiyeyuka inaongeza nyanya, si maji. Nakuru jioni ni baridi ya kutosha, huhitaji yote haya.

Ninaalika watu wanane. Naweza kuandaa mapema?

Ndiyo, na inakuwa bora. Siku moja kabla, changanya juisi lita moja, sosi ya Worcestershire vijiko viwili vya mezani, haradali iliyokorogwa vijiko viwili vya chai, pilipili manga kijiko kimoja cha chai na chumvi nusu kijiko cha chai. Funika, weka friji. Ndimu, mililita 120, itiwe siku yenyewe, maana harufu yake hufifia ikilala. Pilipili iongezwe mwisho, kidogo kidogo, na usubiri dakika moja kabla ya kuonja tena kwa sababu ukali huchelewa kujitokeza.

Vodka isiingie kwenye jagi. Kila mtu apimiwe kwenye glasi yake. Hivyo dereva, mjamzito, anayetumia dawa kama metronidazoli na asiyekunywa kabisa wote wanakunywa kitu kile kile kitamu bila pombe, na waliokunywa wanajua wamekunywa kiasi gani. Walio chini ya miaka 18 sheria ya mwaka 2010 inawakatalia pombe, hata kama sherehe ni ya familia.

Onja mchanganyiko ukiwa baridi. Baridi hupunguza makali ya ladha nyingi, na kilichokuwa sawa jikoni kikiwa cha moto huonekana bapa mezani.

Nimekosea. Naweza kuokoa?

Chumvi ikizidi, ongeza juisi isiyo na chumvi. Maji yatapunguza kila kitu isipokuwa majuto. Uchachu ukizidi, sukari ya kushika kwa vidole, si zaidi. Ladha ikiwa bapa, karibu kila mara kinachokosekana ni chumvi au ndimu, na watu hukimbilia pilipili bure. Pilipili ikizidi, hakuna cha kuizima ndani ya glasi. Gawa kinywaji mara mbili na uongeze juisi. Anayeungua mdomoni apewe maziwa au mala, kwani protini yake huibeba kapsaisini. Maji hayasaidii.

Mdomo wa glasi na mapambo?

Fikiria mahindi ya kuchoma barabarani: ndimu, chumvi, pilipili ya unga. Paka ndimu nusu ya mdomo wa glasi, uchovye kwenye chumvi vijiko viwili na pilipili ya unga nusu kijiko. Nusu nyingine iache wazi kwa asiyetaka. Fimbo ya seleri ndiyo ya desturi; tango au karoti iliyokatwa ndefu hufanya kazi ile ile ya kukorogea na kutafunwa.

Matunda damu yanafaa?

Yanafaa kama nyongeza. Robo ya juisi iwe ya matunda damu yaliyochujwa, robo tatu nyanya. Yakizidi, uchachu na ukakasi wake hufunika kila kitu. Ganda lake ni chungu, lisisagwe.

Kinywaji hiki kilianzia wapi?

Anayetajwa zaidi ni Fernand Petiot, aliyekuwa mhudumu wa Harry's New York Bar mjini Paris miaka ya 1920. Baadaye alihamia hoteli ya St. Regis mjini New York, ambako kinywaji kiliitwa Red Snapper kwa muda. Mwigizaji George Jessel naye alidai ni chake.

Inatibu hangova?

Hapana. Vodka inaahirisha tu maumivu na kuyaongeza. Kinachosaidia ni maji, chumvi kidogo na chakula, na hivyo unavipata kwenye toleo lisilo na pombe. Glasi moja ya vipimo vyetu ina gramu 14 hivi za alkoholi safi, na pilipili na nyanya huficha ladha yake, kwa hiyo ni rahisi kunywa tatu ukidhani ni supu. Gari liachwe. Alkoblo, kipima pombe cha polisi, haijali kama ulikunywa pamoja na chakula cha mchana.

Mchanganyiko uliobaki nifanyie nini?

Ukiwa bila vodka hukaa friji siku tatu. Baada ya hapo, au hata kabla, kaanga kitunguu, mimina mchanganyiko wote, uchemke dakika tano upungue, kisha laza ngege (tilapia) aliyekaangwa ndani yake kwa dakika nyingine tano. Usiongeze chumvi hadi uonje. Dhania juu, ugali pembeni.